Kukataa Neno: Vita, Serikali na Uraia katika Kinjeketile, Mzalendo Kimathi na Sauti ya Dhiki

I. Suala Lenyewe

Wahakiki wetu wanapoikabili kazi ya fasihi inayohusu vita, swali la kwanza wanalouliza ni hili: nani shujaa? Swali la pili huwa: shujaa huyo anasimamia tabaka gani? Maswali haya mawili yametufaa kwa muda mrefu, na makala haya hayakusudii kuyatupa. Linalokusudiwa ni kuonyesha kwamba maswali hayo yanatuacha njiani pale tunapotaka kueleza jinsi vita na serikali vinavyomfanya mtu ajione, au asijione, kuwa mwana wa taifa fulani. Kwa hiyo tunapendekeza swali la tatu: katika kazi hii, serikali inamtaka raia aseme nini, naye anajibuje?

Kazi tatu zitachunguzwa kwa swali hilo. Ya kwanza ni Kinjeketile, tamthilia ya Ebrahim Hussein iliyochapishwa mwaka 1969. Ya pili ni Mzalendo Kimathi, tafsiri ya Kiswahili ya tamthilia ambayo Ngũgĩ wa Thiong'o na Mĩcere Gĩthae Mũgo waliiandika kwa Kiingereza na kuitoa mwaka 1976. Ya tatu ni Sauti ya Dhiki, diwani ya Abdilatif Abdalla ya mwaka 1973. Mbili za mwanzo zinahusu vita waziwazi. Ya tatu haihusu vita, nayo imeingizwa kwa sababu inatuonyesha yanayompata raia vita vikishakwisha na serikali ikishaingia mikononi mwa wananchi wenyewe.

Kuna sababu nyingine ya kuziweka pamoja. Dedan Kimathi wa historia alinyongwa, na Abdilatif Abdalla alifungwa, katika gereza lile lile la Kamiti, nje kidogo ya Nairobi upande wa Kiambu. Serikali mbili tofauti, moja ya kikoloni na moja ya uhuru, zililitumia jengo moja. Ni haki mhakiki aulize kama zilimtaka mfungwa neno moja pia.

II. Kinjeketile na Neno Lililokwisha Kuzaliwa

Vita vya Maji Maji vilipiganwa kusini mwa Tanganyika kati ya mwaka 1905 na 1907. Chanzo chake kilikuwa kodi, kazi ya kulazimishwa, hasa kilimo cha pamba, na ukatili wa maakida na askari walioutumikia utawala wa Kijerumani. Vita hivyo vilifuatwa na njaa kubwa iliyoua watu wengi kuliko risasi. Katika tamthilia ya Hussein, kabla ya maji tunaona makabila yanayoishi kwa kutoaminiana, kila moja likimshuku mwenzake kuwa mjumbe wa adui. Baada ya maji tunaona watu walio tayari kwenda vitani kama watu wamoja.

Wahakiki wengi wamesimama hapa, kwenye umoja, na kuitangaza tamthilia kuwa utabiri wa taifa. Hussein mwenyewe hakusimama hapo. Pepo Hongo, ambaye kwa jina lake maji yale yalitolewa, ndiye aliyesema kwa kinywa cha Kinjeketile kwamba watu hawa watakuwa watoto wa Seyyid Said. Maana yake ni kwamba ndani ya neno lile lile lililowaunganisha watu wa bara dhidi ya Mjerumani mlikuwa na mtawala mwingine aliyejificha, na Kinjeketile anapolitambua jambo hilo anafadhaika kupita kiasi. Anaona kwamba umoja wa vita si lazima uwe uhuru. Watu wanaweza kuungana vizuri sana, kumbe wanaungana ili wakabidhiwe kwa bwana mwingine.

Ndipo tufikie tukio la mwisho, ambalo kwa maoni yetu ndilo kitovu cha tamthilia nzima. Kinjeketile Ngwale wa historia alinyongwa mwezi Agosti 1905, vita vikiwa ndiyo kwanza vinaanza. Hussein amemweka hai hadi watu washindwe, akamtia kifungoni pamoja na Kitunda, jemadari wake. Kwa nini amefanya hivyo? Ni kwa sababu alimhitaji mtu ambaye serikali itamdai neno. Wakubwa wa Kijerumani wanataka Kinjeketile atamke kwamba maji yalikuwa uwongo. Kitunda naye anataka hivyo hivyo, lakini kwa sababu nyingine: anataka watu waache kufa kwa ajili ya kitu kisichozuia risasi. Kinjeketile hakuwa na imani kamili na maji hayo, hata hivyo anakataa kuyakana. Anaona kwamba akiyakana, kesho Mjerumani atawaambia watoto kwamba babu zao walikosea kupigana. Neno likishazaliwa, aliyelizaa hana tena mamlaka ya kuliua.

Tukiuliza nani shujaa, tutabishana bila kikomo kama Kinjeketile ni mkweli au mwongo. Tukiuliza serikali inamtaka raia aseme nini, jibu linakuwa wazi zaidi. Serikali haikuridhika na ushindi wa bunduki. Ilitaka ushindi wa pili, yaani walioshindwa wakubali kwa kinywa chao kwamba hawakuwa na sababu. Utaifa katika tamthilia hii hauzaliwi mtoni wala vitani. Unazaliwa pale mfungwa anapoukatalia utawala ushindi huo wa pili.

III. Mzalendo Kimathi: Kesi na Hukumu

Tukija Kenya, jambo la kwanza linalostahili kuangaliwa ni jina la kitabu. Jina la Kiingereza linataja kesi ya Dedan Kimathi. Jina la Kiswahili halitaji kesi; linatoa hukumu. Mtafsiri amemtoa mshtakiwa kizimbani na kumwita mzalendo kabla msomaji hajafungua ukurasa wa kwanza. Huenda wengine wakasema hili ni jambo dogo la biashara ya vitabu. Sisi hatuoni hivyo. Mau Mau ilipigwa marufuku na serikali ya kikoloni mwaka 1950, na marufuku hiyo ilibaki katika sheria za Kenya hadi mwaka 2003, yaani miaka arubaini baada ya uhuru. Tafsiri ilipotoka, mtu yule yule aliyeitwa mzalendo kwenye jalada la kitabu alikuwa, kwa mujibu wa sheria, kiongozi wa chama haramu. Kiswahili kilimpa uraia kabla ya serikali kumpa.

Kimathi alikamatwa tarehe 21 Oktoba 1956, akashtakiwa Nyeri mwezi uliofuata, akanyongwa Kamiti tarehe 18 Februari 1957. Shtaka lenyewe lilikuwa la kupatikana na silaha na risasi. Serikali haikumshtaki kwa kupigana vita, kwani kufanya hivyo kungekuwa kukubali kwamba vita vipo. Tangu Oktoba 1952 hadi Januari 1960 yaliyokuwa yakitendeka Kenya yaliitwa Hali ya Hatari, na jina hilo lilikuwa na kazi yake. Vita vina pande mbili, na kila upande una watu wake na madai yake. Hali ya hatari ina upande mmoja tu, ule wa serikali, na mbele yake kuna wahalifu.

Watunzi wa tamthilia waliielewa vyema hila hii ya majina. Hakimu Shaw Henderson anamsomea Kimathi shtaka na kumtaka aseme kama ana hatia au hana. Kimathi ananyamaza. Ukimya huo si wa mtu aliyekosa la kusema, kwa maana baadaye anasema mengi. Ni ukimya wa mtu anayejua kwamba kila jibu kati ya yale mawili anayopewa linakubali uhalali wa anayeuliza. Mtu akisema ana hatia amejimaliza. Akisema hana hatia amekwisha kukubali kwamba mahakama hiyo ina haki ya kumpima. Kisha katika majaribu yanayomfuata seluni, wageni mbalimbali, Wazungu na Waafrika, wenye fedha, mwanasiasa na mtu wa dini, wanamjia kila mmoja na maneno yake matamu, na wote wanataka kitu kimoja: asalimu amri, awaambie wenzake watoke msituni. Hapa tena, serikali iliyomshika mwili inaomba neno, na inanyimwa.

Hata hivyo kuna upungufu ambao mhakiki wa lugha hawezi kuufumbia macho. Katika toleo la Kiingereza nyimbo za Kigĩkũyũ na Kiswahili zinasikika kama sauti ya umma inayoupinga utawala, kwa sababu zinatofautiana na lugha ya mahakama. Katika tafsiri, hakimu na mshtakiwa wote wanasema Kiswahili sanifu, laini, kisicho na kovu lolote. Tofauti imepotea. Tena kuna jambo zito zaidi. Vita vile vilipiganwa, vikaapiwa na kuimbwa hasa katika Kigĩkũyũ na lugha za jirani zake. Kiswahili kilichowafikia wakulima wengi wa Kiambu, Murang'a na Nyeri wakati huo kilikuwa Kiswahili cha amri: Kisetla cha mlowezi shambani, Kiswahili cha askari wa KAR kwenye kizuizi cha barabarani, na Kiswahili cha karani aliyedai kipande. Lugha tunayoitumia leo kuwaita watu hawa wazalendo ndiyo lugha waliyoamrishwa kwayo wapange foleni.

Hatusemi kwamba Kiswahili hakifai kusimulia vita hivyo. Kinafaa, na kinapaswa, kwani Mkenya wa Lamu na wa Busia hawezi kuvipokea kama vita vyake pasipo lugha anayoielewa. Tunachosema ni kwamba tafsiri ingalikuwa na nguvu zaidi kama ingaliacha tofauti isikike: Kisetla kinywani mwa afisa, Kiswahili kamili kinywani mwa yule anayemkatalia. Hapo msomaji angaliona lugha ya amri ikinyang'anywa mwenyewe na kugeuzwa lugha ya madai, jambo ambalo kwa hakika ndilo lililotokea katika historia ya Kiswahili nchini.

IV. Sauti ya Dhiki: Baada ya Vita

Abdilatif Abdalla alihukumiwa kifungo cha miaka 3 mwaka 1969 kwa ajili ya waraka ulioitwa Kenya: Twendapi?, aliokuwa ameuandika mwaka uliotangulia. Alitoka mwaka 1972. Mashairi ya Sauti ya Dhiki yalitungwa kifungoni, mengi yake yakiandikwa kwenye karatasi za msalani. Bendera ilikuwa imebadilika, na waliokuwa wafungwa wa Hali ya Hatari sasa walikuwa na watu wao serikalini. Lakini swali aliloulizwa mfungwa lilikuwa lile lile: unayakana uliyoyasema?

Jibu la mshairi limo katika majina ya mashairi yake kabla hata ya beti zake. "N'shishiyelo ni Lilo" na "Siwati" ni mashairi ya mtu anayekataa kuachia alichokishika. "Kuno Kunena" linalipeleleza suala lenyewe la kusema na malipo yake. Lugha ni Kimvita, si Kiswahili sanifu cha shule na wizara, na uteuzi huo una maana. Serikali ilimfunga kwa waraka uliosomeka kote nchini. Yeye akajibu kwa lahaja ya mji wake, kana kwamba anasema kuwa Ukenya wake hautegemei hati ya serikali bali lugha aliyoipata kwa wazazi wake. Katika "Mnazi: Vuta N'kuvute" ndugu wawili wanabishania mti mmoja, na wasomaji wengi wameusoma mnazi huo kuwa nchi. Ugomvi wao si wa mgeni na mwenyeji. Ni wa wenyeji wawili, kila mmoja akiwa na hoja yake ya haki. Vita vya ukombozi havikuwa vimelijibu swali hili kwa sababu vilidhani kwamba mgeni akiondoka mti utajigawa wenyewe.

Kuna kinaya ambacho historia ya fasihi yetu imekihifadhi. Diwani hii ilipewa tuzo ya fasihi mwaka 1974, na tuzo hiyo ilikuwa na jina la Jomo Kenyatta, rais ambaye serikali yake ndiyo iliyomfunga mtunzi. Taifa lililitukuza neno ambalo serikali yake ilikuwa imeliadhibu. Ni vigumu kupata ushahidi bora wa kuonyesha kwamba taifa na serikali si kitu kimoja.

V. Waliosema

Hadi hapa kazi zetu tatu zinakubaliana: mwana wa nchi ni yule aliyekataa kusema neno alilodaiwa. Hii ni fahari ya fasihi yetu. Tunadhani pia ni udhaifu wake mkubwa, na hapa ndipo tunapotofautiana na uhakiki uliozoeleka.

Tuangalie vita vya Kenya vilivyoingia katika maisha ya watu wasio mashujaa. Kuanzia mwaka 1954 serikali iliwahamisha zaidi ya watu 1,000,000 wa Mkoa wa Kati kutoka vijumba vyao vilivyotawanyika na kuwarundika katika vijiji vilivyozungushiwa mahandaki na kulindwa na gadi. Katika kambi za kizuizi wafungwa waligawanywa kwa rangi, weupe, wa kijivu na weusi, kwa kadiri walivyokubali au kukataa kukiri kiapo. Aliyekiri alisogezwa kambi ya karibu na kwao. Aliyekataa alisukumwa mbali. Mwezi Machi 1957, wiki chache tu baada ya Kimathi kunyongwa, Waafrika wa Kenya walipiga kura kwa mara ya kwanza kuchagua wajumbe wa Baraza la Kutunga Sheria. Mgĩkũyũ, Mũembu au Mmeru hakuweza kupiga kura hiyo bila hati ya utiifu. Uraia uligawiwa kwa neno: sema, upate, nyamaza, ukose.

Basi wengi walisema. Walisema kwa ajili ya watoto, kwa njaa, kwa kipigo, kwa kuchoka, na wengine kwa sababu hawakukipenda kiapo tangu mwanzo. Wengine walikula viapo viwili vinavyopingana, kimoja usiku na kingine mchana. Katika ukoo mmoja mtu aliweza kuwa na ami msituni na mjomba katika gadi. Watu hawa ndio wengi wa wazazi wa taifa, nao hawana nafasi katika fasihi tunayoihakiki ila kama wasaliti. Mzalendo Kimathi inakaribia kulikabili jambo hili mara moja tu, katika mahakama ya msituni, ambapo Kimathi mwenyewe ndiye hakimu na ndugu yake yumo miongoni mwa washtakiwa. Kimathi anasita. Hapo kwa dakika chache tamthilia inatuonyesha kwamba waliomo msituni nao ni serikali, nao wanadai neno, nao wanaweza kumpoteza ndugu. Lakini watunzi wanausoma usitaji huo kama kosa la uongozi, kisha wanapita. Kwa maoni yetu walikuwa wamesimama mlangoni pa tamthilia kubwa zaidi.

Kitunda wa Hussein ni hatua mbele. Yeye anaomba neno lisemwe ili watu waishi, na Hussein hakumfanya msaliti. Amemwacha asimame na hoja yake, naye ana haki kama Kinjeketile alivyo na haki. Ndiyo maana Kinjeketile inabaki kuwa tamthilia bora kuliko ile nyingine. Haituambii ni nani wa kumpenda. Inatuambia gharama ya kila jibu.

VI. Hitimisho

Mambo haya si ya maktaba peke yake. Mwaka 1965 kambi ya jeshi la Uingereza iliyokuwa Kahawa, iliyoitwa kwa jina la Jenerali Templer, mpiganaji wa Malaya, iligeuzwa kuwa Chuo cha Kenyatta, ambacho sasa ni chuo kikuu. Wanafunzi husoma fasihi ya Kiswahili mahali walipolala askari wa Uingereza. Kamiti iko upande mmoja wa barabara kuu ya Thika. Upande wa pili, kupita Githurai, iko Mwihoko, na neno hilo kwa Kigĩkũyũ maana yake ni tumaini. Eneo la Ruiru lililokuwa la mashamba makubwa ya walowezi sasa limegawanywa kuwa viwanja vya makazi, na Mwihoko wanaishi ukuta kwa ukuta watu waliotoka pande nyingi za Kenya, Kiswahili kikiwa lugha yao ya dukani, ya matatu na ya kibarazani. Miongoni mwao wamo wajukuu wa waliokataa na wajukuu wa waliosema. Kitambulisho cha taifa ambacho kila mtu mzima hutakiwa kuwa nacho wazee wangali wakikiita kipande. Mwezi Juni 2024, serikali ilipoliita jeshi kuwasaidia polisi wakati wa maandamano ya kuupinga Mswada wa Fedha, milio ya risasi ilisikika Githurai usiku, na vijana barabarani waliimba wimbo wa taifa kwa Kiswahili. Lugha ya amri ilikuwa imegeuzwa tena kuwa lugha ya madai.

Watu kama hawa wanahitaji fasihi gani ya vita? Mashujaa wanao, na ni vyema wawe nao. Mukami, mjane wa Kimathi, alifariki mwaka 2023 bila kuonyeshwa kaburi la mumewe lililomo ndani ya Kamiti, na maadamu kaburi hilo halijulikani, kazi ya kumtaja mzalendo kwa jina lake haijakwisha. Lakini wanahitaji pia tamthilia itakayomweka jukwaani mtu aliyekiri, bila kumtakasa wala kumtemea mate, na imsikilize. Taifa lililojengwa juu ya wakataaji peke yao litakuwa na watu wachache mno.

Kwa wahakiki na walimu pendekezo letu ni jepesi kulieleza, zito kulitekeleza. Tunapofundisha kazi ya vita, tumwombe mwanafunzi atafute ukurasa ambapo serikali inamdai mtu neno. Atazame inamdai kwa lugha gani, na anajibu kwa lugha gani. Kisha aulize ni nani mwingine alikuwapo pale, aliyedaiwa neno lile lile, ambaye mtunzi hakumpa nafasi ya kujibu.